Bibi Aliyeshika Tama

Mama yangu hakukubali kupigwa picha. Mpiga picha wa mtaani kwetu Ngamiani alikuwa na pazia la maua na kiti cha kifalme, na kila Idi majirani zetu walipanga foleni kwake na watoto waliopakwa poda, lakini mama alikataa katakata. "Uso ninao, na nyinyi mnauona," alisema. "Mnautakia nini kwenye karatasi?" Siku niliyoondoka Tanga kuja Uswidi kusomea uchapaji wa vitambaa, kaka yangu aliazima kamera kwa rafiki yake, akamvizia mama mlangoni. Mama akajifunika buibui uso mzima, akacheka humo humo ndani. Picha ninayo. Ni ya buibui.

Nilifika Stockholm miaka ya sitini ikielekea ukingoni, nikapanga chumba Rågsved kwa mjane mmoja mwenye paka. Chuo chetu kilikuwa na desturi ya kutupeleka kila wiki kwenye jumba la makumbusho ya picha, na viti vya kukunja na madaftari ya kuchorea, kila mmoja akae anakili alichokipenda. Mimi sikukipenda kitu. Mlangoni unapokewa na wafalme wenye nywele za kuazima, ukipanda ngazi unakuta wanawake wanaoga uchi bila haya wala pazia, ukiingia ndani zaidi kuna meza za matunda na samaki aliyekukodolea macho. Nilinakili mikunjo ya nguo, kwa kuwa nguo ndiyo kazi iliyonileta. Jioni wenzangu walinikokota kwenye maonyesho ya mjini, vyumba vidogo vilivyojaa vijana wenye ndevu na viatu vya mbao, wakibishana kama sanaa ni ya wafanyakazi au ya matajiri, huku wakinywa divai ya bure. Mimi nilifuata biskuti. Bwana mmoja aliniuliza kama nachonga vinyago. Nikamwambia nachonga penseli.

Picha iliyonishika ilikuwa moja tu, kwenye chumba cha nyuma ambako wageni wengi hawakufika. Bibi kizee wa Kiswidi, kitambaa cheupe kichwani, amekaa kando ya dirisha na bakuli la njegere mapajani. Njegere hazimenyi. Ameshika tama, shavu lote limelalia kiganja. Mwalimu wetu alisema bibi anapumzika baada ya kazi, akatueleza jinsi mwanga unavyoingia dirishani. Nikanyoosha mkono nikasema, "Amefiwa." Akaniuliza nimejuaje. Nikamwonyesha ule mkono shavuni. Akatabasamu, akasema ni wazo zuri, akarudi kwenye mwanga wake.

Kwetu hakuna mtoto asiyejua. Ukishika tama hata kwa uvivu tu, mkono unapigwa. Mama akinikuta hivyo kibarazani alikuwa mkali: "Toa mkono huo! Unamlilia nani? Unataka nani afe?" Nilikuwa nautoa mbio, nikiamini kabisa kwamba nimeponea chupuchupu kuua mtu.

Telegramu ilinikuta chuoni. Mama ameugua ghafla, amefariki, amekwisha kuzikwa. Kwetu maiti hacheleweshwi, na hata ningepata ndege siku ile ile ningekuta udongo. Nilikwenda hadi Rågsved nimekaza meno, nikafunga mlango wa chumba, nikaangua kilio. Sijafika popote, mlango ukagongwa. "Är du sjuk?" mwenye nyumba wangu aliniuliza, yaani naumwa? Nikamwambia siumwi, nimefiwa na mama. Akanishika bega. Akaniletea kahawa na kipande cha keki, kisha akaniomba kwa upole nipunguze sauti, kuna mtoto mchanga ghorofa ya juu. Hakuwa mtu mbaya hata kidogo. Lakini kilio changu kilikatika pale, na kilipokatika hakikurudi. Nilienda chuoni na kurudi, macho makavu, kifua kimejaa, nikaanza kujiogopa. Binti asiyemlilia mama yake ni binti gani?

Rafiki yangu mkubwa mjini alikuwa Mkenya, Mkristo, mke wa mhandisi, akikaa Vällingby. Alivuka mji mzima kwa treni amepakata sufuria ya wali, watu wakimwangalia. Akakuta mwenye nyumba anaruhusu mgeni mmoja tu kwa wakati mmoja.

"Mmoja mmoja?" aliniuliza. "Sasa hii ni matanga ama ni hospitali?"

"Ndiyo nyumba yenyewe hiyo, dada. Nifanyeje?"

Kwake pia palikuwa padogo, na mumewe alikuwa na mitihani. Siku iliyofuata nilikuwa na mchoro wa kumalizia, akanisindikiza makumbusho ili nisiwe peke yangu. Tulipofika chumba cha nyuma alisimama mbele ya yule bibi, mkoba kwapani. Sikuwa nimemwambia neno.

"Huyu naye alifiwa na nani?" akauliza. Kisha akaketi kwenye benchi kama mtu aliyefika nyumbani. "Ameomboleza hapa miaka yote hiyo na hakuna mtu amemfukuza. Basi na sisi tukae."

Matanga ya mama yangu yakakaliwa pale. Habari zilienea kwa simu, na alasiri za Jumapili watu wa kwetu walipanda zile ngazi, wakawapita wafalme na wanawake wanaooga, wakavua kofia, wakanipa mkono. "Makiwa, dada." Wakakaa. Kijana mmoja wa Unguja aliyekuwa akisomea udaktari alisoma Yasini taratibu, midomo tu ikicheza. Mkeka hatukuweza kutandika. Maandazi ya Mkenya tuliyala ghorofa ya chini, wageni wanakotundika makoti, kwa zamu.

Mlinzi wa chumba kile, mzee mwenye masharubu meupe, alitupenda sana. Alizoea wageni wanaopita bila kusimama, na sasa amepata watu wanaokaa mbele ya picha moja alasiri nzima, kimya. Akatuongezea viti. Nilimsikia akiwaambia wageni wengine kwamba Waafrika hawa wanaielewa picha hii kuliko Waswidi wenyewe.

"Mwambie basi alete sinia," Mkenya akaninong'oneza, na tulicheka mpaka tukaficha nyuso kwenye mitandio. Kucheka nilicheka. Kulia ndiko kulikonishinda.

Halafu likaanza jambo lililonitisha zaidi. Yule bibi hakufanana na mama hata kidogo, si pua, si rangi, na mama hakuwahi kuona njegere mbichi maishani mwake. Lakini ndiye niliyekuwa nikimtazama. Nikawa nikifumba macho kumtafuta mama, anayekuja ni bibi wa njegere. Nilijaribu kumwona mama jikoni, mama akisuka ukili, mama akinifokea kibarazani. Mikono ilikuwa yake, sauti yake, na juu yake uso wa Kiswidi wenye kitambaa cheupe. Nilichukia. Ningekuwa na picha moja, hata ya pasipoti, ningemrudishia mama uso wake. Nilimkasirikia marehemu kwa ukaidi wake, na hasira hiyo nayo ikakaa kifuani pamoja na kile kilio.

Arobaini iliangukia siku ya kazi. Tulifika wachache, mimi na Mkenya na yule kijana wa Unguja, tusome dua tuanue tanga. Tukakuta wafanyakazi wawili wenye makoti ya buluu na glavu nyeupe wanaiteremsha picha ukutani. Mlinzi akatufuata, uso umemshuka kwa ajili yetu, akaeleza kwamba imeazimwa na jumba la mji mwingine na inasafiri siku ile ile.

Tukaketi pale pale. Waliilaza kwenye meza iliyotandikwa blanketi. Mmoja akapitisha brashi laini juu yake, taratibu, kutoka juu hadi chini. Wakaifunika kitambaa cheupe, wakakikunja huku na huku, wakakifunga kamba juu, katikati na chini. Kijana wa Unguja akasimama. Nami nikasimama, wala sikujua miguu yangu imeamriwa na nani.

Wakaiinua, mmoja mbele mmoja nyuma. Sisi tukafuata. Kijana alikuwa akitamka chinichini yale yanayotamkwa nyuma ya jeneza, Mkenya amenishika kiwiko. Mwisho wa ukumbi kulikuwa na mlango wa wafanyakazi, na yule wa nyuma akateleza kidogo kizingitini. Kijana akaruka, akaitia mkono pembe ya picha, akaingia nayo hatua kadhaa kabla mtu hajapata nafasi ya kumkataza. Mlinzi akaunyoosha mkono mbele yangu. Hapa ni wafanyakazi tu, alisema, na akaomba radhi.

Hakujua kwamba hata Ngamiani ningesimama papo hapo. Kwetu jeneza likitoka linakwenda na wanaume, na mabinti wa marehemu wanabaki mlangoni. Nilibaki mlangoni. Mlango ukajifunga wenyewe polepole, na kilio kikatoka.

Kilitoka chote, kile cha Rågsved na cha siku zote za baadaye, kwenye ukumbi ule wenye dari ndefu unaorudisha sauti. Nilimwita mama. Mkenya akapokea kwa kilio cha kwao, kikubwa kuliko changu. Watu wakaja mbio kutoka kwa wafalme. Mlinzi maskini alihangaika, akinishika bega, akirudia kwa Kiswidi kwamba itarudi, itarudi, majira ya kuchipua itakuwa ukutani pake.

"Harudi, baba," nilimwambia kwa Kiswahili. "Amekwenda."

Alinitazama. Akavua kofia yake ya kazi, akatuongoza hadi kwenye benchi, akakaa nasi mbele ya ukuta mtupu. Nikafumba macho. Bibi wa njegere hakuja tena, alikuwa amekwenda kweli. Alikuja mama mwenyewe, amesimama mlangoni, amejifunika buibui uso mzima. Nilimsikia anacheka humo ndani. Nikamngoja ajifunue, na mpaka leo namngoja.