Wageni wa Moyo

Fundi viatu alipolazwa kwa ugonjwa wa moyo, ukoo mzima ulimiminika wodini na machungwa na pole tele. Dada yake aliwatazama kwa kinyaa wakigombania kiti cha kando ya kitanda. Kaka huyu huyu alipoanza kusikia sauti za watu wasiokuwepo, hao hao walimfungia chumba cha uani na sahani yake wakaitenga, mpaka dada alipompeleka hospitali peke yake, akaambiwa ni skizofrenia, na dawa zikamtuliza.

“Huu ndio ugonjwa, mwanangu,” shangazi alisema, akimmenyea chungwa. “Ule mwingine hata kuutaja ni aibu.”

Mgonjwa alilisukuma chungwa. “Kwa hiyo shangazi, moyo ni wa ukoo, kichwa nilikiokota jalalani?”