Mtu Mwenye Koti Nje ya Mstari

Bibi yangu hana picha ya babu akiwa kijana. Anayo ya kitambulisho tu, ya uzeeni, babu amekodoa macho kama aliyeulizwa swali gumu. Kwa hiyo nilipomwambia kwamba sisi tunaotengeneza filamu kuhusu mashabiki wa zamani wa Arusha tumepata mkanda wa mechi, aliniita kwake Kikatiti Jumapili hiyohiyo. Nilimkuta bado na nguo za kanisani.

Nilifungua kompyuta katikati ya vikombe vya chai. Mkanda hauna sauti. Wachezaji wanaelea kwenye weupe kama wa maziwa, kamera inaufuata mpira, na mashabiki huonekana pale tu mpira unapotoka nje. Kopo ulimohifadhiwa mkanda limeandikwa Arusha, lakini mimi sikuamini. Nyuma ya goli hakuna mlima. Uwanja gani wa Arusha hauna Meru?

"Ukungu," bibi alisema. "Siku hiyo hata goli la pili hatukuliona. Tulilisikia."

Alishanisimulia mechi hiyo tangu nikiwa mdogo: mashabiki wetu na wa Moshi walishikana mashati, na babu akavuka kwenda upande wao ameshika jani la isale, lile la kwenye mipaka ya mashamba. Huku kwetu na kwao pia, ukiletewa isale huwezi kukataa kusamehe. Watu wakakaa chini, mechi ikaendelea. Nikiwa chuoni nilimuuliza mbona hakuna gazeti lililoandika. Akasema magazeti huandika magoli.

Mpira ukatoka. Mtu mrefu mwenye koti akapita nje ya mstari, mkononi ana kitu kirefu, chembamba. Bibi akaweka kikombe chini.

"Ni yeye."

Jirani yake tuliyekuwa tunanywa naye chai, mzee wa Kichaga aliyekuwa upande wa Moshi siku hiyo, alicheka. "Mama, huyo ni wetu. Ona anavyotembea kwa raha. Nyie mlikuwa mmeshafungwa."

"Mlifungiwa goli na ukungu, baba."

Nikasema taratibu kwamba kile kinaweza kuwa gazeti lililokunjwa. Yule mtu alikuwa anaanza kugeuka, kamera ikaurudia mpira.

Bibi aliomba nirudishe. Nikarudisha, nikarudisha tena, mpaka hata jirani akaacha utani na kusogeza kiti. Nilimweleza bibi kwamba siwezi kuandika chini ya picha kuwa huyu ni babu bila uhakika.

"Usiandike," alisema. "Acha mimi niseme. Anayebisha aje hapa."

Nikarekodi sauti yake. Kisha akataka nisimamishe picha pale yule mtu anapogeuka. Uso ulikuwa doa la mwanga tu, bila jicho, bila mdomo. Bibi aliinama karibu nao, akautazama kwa muda mrefu.

"Hakunyoa," alisema kwa sauti ya chini. "Na nilimwambia anyoe."