Oili Chafu Chini ya Mkwaju wa Zaina

Harufu ya oili chafu, ile nyeusi inayomwagwa kutoka tumboni mwa lori, bado hunibana kifua. Nikipita karibu na gereji hapa Busia, miguu yangu ya uzee huharakisha yenyewe. Vijana wa pale wamezoea kunitania: "Mzee Musa, nakimbia nani? Bibi yako nafuata nyuma?" Nami hucheka pamoja nao, kwa sababu sijui nitawaelezaje kwamba ninayemkimbia ni mtoto wa miaka tisa aliyeshika mkebe.

Mtoto huyo ni mimi mwenyewe, na nyumbani kwetu wakati ule kulikuwa Tororo mjini, kando ya barabara ambako malori yalisimama. Baba alikuwa dereva. Mbele ya nyumba ardhi ilikuwa imeshindiliwa na magurudumu hata ikawa ngumu kama sakafu. Kiangazi kikishika, mabati yalialika kwa joto, changarawe ilichoma nyayo, na vumbi liliingia hata ndani ya mtungi uliofunikwa. Kivuli kilikuwa cha ukuta tu, nacho kilihamahama mchana kutwa. Dada yangu Zaina alipozaliwa, Bibi, yaani mama yake baba, alisema kitovu chake kizikwe mbele ya nyumba na juu yake upandwe mti, kama ilivyokuwa desturi ya kwao. "Mti na mtoto watakua pamoja," alisema. "Mmoja akikauka, mwingine hana siku nyingi." Nililisikia neno hilo nikiwa na miaka saba, likakaa ndani yangu.

Aliyetuchagulia mti alikuwa Mama Athieno, mkulima wa Paya aliyeleta karanga sokoni na kupumzika barazani kwetu. Yeye na mama walipendana kama watu waliochangia ziwa moja. Baba alitaka mjakaranda kwa ajili ya maua. Mama Athieno alileta miche mitatu ya mkwaju kwenye mikebe, akaipindua mmoja mmoja na kuitazama mizizi. Miwili iliyokuwa mirefu zaidi aliitupa kando, kwa kuwa mizizi yake ilikuwa imejizungusha ndani ya mkebe kama kamba. "Hii najifunga shingo yenyewe," alisema. "Leo nakuwa mzuri, kesho jua naua yeye." Akachukua ule uliobaki, mfupi, usiofika goti langu, ambao mzizi wake ulishuka wima.

"Shemeji," baba alimtania, "huo ni mti au mswaki?"

"Ngoja, shemeji. Yeye naanza kukua chini. Wewe na lori yako nakwenda mbio, lakini nakwenda wapi?"

Hata Bibi, ambaye hakucheka ovyo, alicheka.

Kazi ya kuutunza nilipewa mimi. Tulikinga maji ya udhu kwenye beseni, tukaweka pia maji ya mwisho ya kusuuzia nguo, na mara moja kwa wiki niliyamwaga polepole kwenye kibonde cha duara kilichokuwa mbali kidogo na shina. Mama Athieno alikuwa mkali juu ya hilo. Maji kidogo ya kila siku, alisema, huifundisha mizizi kukaa juu na kungoja. Maji mengi ya siku moja huifanya ishuke kuyafuata. Tulitandaza maganda ya karanga juu ya udongo ili usikauke, lakini yasiguse shina. Uzio wa fito ulizuia mbuzi. Katika miaka miwili mti ulinipita kimo, na Zaina alijifunza kusimama akishika fito zile.

Kiangazi cha mwaka wa tatu mchwa walipanda kwenye fito. Sisi watu wa malori tulikuwa na dawa moja ya mchwa, nayo ni oili chafu. Baba aliipaka nguzo zote za nyumba kila mwaka. Asubuhi moja alinipa mkebe uliojaa na kitambaa. "Paka fito peke yake," alisema. "Udongo usiguse. Umesikia?" Nilisikia. Lakini wenzangu walikuwa wananiita mpirani, fito zilikuwa nyingi, na mkono uliniuma. Nilipaka nne. Kisha nilijiambia kwamba mchwa hutoka ardhini, basi dawa na iende ardhini. Nikamimina mkebe wote kwenye kibonde, nikafunika kwa maganda ya karanga. Sikukosea kwa kutojua. Kama ningeamini nimetenda vyema, nisingefunika.

Baada ya siku chache majani ya chini yaligeuka manjano. Vijani vya mkwaju ni vidogo, huanguka kama pumba, na kila nilipoamka nilivikuta vimetapakaa chini. Niliogopa Bibi asije akaviona. Niliviokota kwa vidole, na nilipokosa mahali pa kuvificha nikavila. Vilikuwa vichachu, na nyuma ya uchachu ule nilihisi ladha ya oili, au labda ilikuwa hofu tu. Niliuchimba udongo mweusi kwa kijiko nikaujaza mwingine, nikamwaga maji kila siku, mengi, kinyume cha nilivyofundishwa. Majani yalizidi kuanguka.

Ndipo Zaina akashikwa na homa. Alilala mkekani, midomo imepasuka, macho nusu wazi. Nilikaa kati ya mlango na mti, nikitazama huku na huku. Tawi likibaki tupu, niligeuka kuona kama kifua chake bado kinapanda. Husemwa kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Mimi nilikuwa nimeficha ugonjwa wa mti, na niliamini kifo kingekuja kuniumbua kupitia dada yangu. Mara tatu nilifungua kinywa mbele ya mama. Mara tatu nikaomba maji ya kunywa.

Mama Athieno alikuja na karanga zake, akasimama mbele ya mti, akaweka kikapu chini. Kabla hajauliza kitu, Bibi alitoka.

"Ni mkono wako," alimwambia. "Mkono wako mkavu. Umetuletea mti wa kufa, sasa unamchukua mtoto."

"Mama, mti hii ilikuwa mzima. Kuna kitu nakula yeye chini. Acha nachimba."

"Usiguse! Ondoka hapa!"

Mama Athieno alimtazama mama yangu aliyesimama mlangoni, na mama akainamisha kichwa. Halafu alinitazama mimi, mtunza mti. "Musa, wewe naona nini?" Nilisema sikuona kitu. Akajitwika kikapu, akaenda. Hakurudi barazani kwetu.

Zaina alipona baada ya sindano za hospitali. Mti ulikufa. Nilipomwona dada yangu anakimbia tena, nilimweleza baba kila kitu, kwa kuwa sasa kukiri hakukuwa na uzito. Alicheka. "Mti ni mti," alisema. Hakuna aliyemwendea Mama Athieno kumwambia, nami nikiwemo. Niliposikia amefariki, nilikuwa mtu mzima mwenye lori langu, na njia ya kwenda Paya nilikuwa nimeipita mara nisizoweza kuzikumbuka. Majuto ni mjukuu, husemwa. Yangu yamezeeka pamoja nami.

Siku hizi miti huletwa mijini kwa pikapu, mirefu na mizuri, mizizi imejinyonga ndani ya mifuko. Hupandwa siku ya hotuba, saruji humwagwa hadi shinani, na kiangazi cha kwanza huikuta haina mtu. Uani kwangu upo mkwaju niliouchagua mfupi, kwa mzizi wake. Una kivuli cha kutosha watu kumi. Wiki iliyopita Zaina, ambaye sasa ana wajukuu, alikuja kutoka Tororo kunitembelea. Aliketi chini yake, akauliza nani alinifundisha miti. Nilimweleza yote, hata vijani nilivyokula.

Hakucheka kama baba. Aliuliza, "Na yule mama aliambiwa?"

"Hapana."

Akainuka, akabeba kiti chake, akakihamishia juani.