Gego la Mwimbaji

Shangazi yangu, mdogo wake baba, alikuwa na miaka kumi na tisa bendi ile ilipokuja mjini. Nyimbo zao alizijua zote, na picha ya mwimbaji aliibandika ndani ya mlango wa kabati, bibi asiione. Alikuwa msaidizi kwenye kliniki ya meno. Akaomba ruhusa awahi onyesho la alasiri.

"Meno hayajui bendi," daktari akamjibu.

Baba akaenda na rafiki yake. Shangazi akabaki anachemsha koleo, macho mekundu kwa kulia.

Mchana gari likasimama mlangoni. Wanaume wawili wakamwingiza mwenzao aliyejifunika shavu kwa taulo. Shangazi akamtambua kwa macho tu. Ndiye! Tangu yuko shule alikuwa amejiandalia maneno ya kumwambia siku wakikutana. Yote yakayeyuka.

"Fungua mdomo," ndiyo aliyoweza kusema.

Akafungua. Gego lilikuwa limeoza hadi kwenye mzizi, na harufu yake, shangazi anasema, haikuwa ya kutungiwa wimbo. Daktari, ambaye hakuwa na habari huyu ni nani, akachoma sindano ya ganzi. Ganzi ikagoma kushika.

"Mshike kichwa!"

Kichwa alichokiota miaka mingi, shangazi akakikumbatia kwa nguvu zake zote, mwenye kichwa akirusha mateke na kumwita mama yake. Ile sauti ilifika mpaka kwa kinyozi wa ng'ambo ya barabara, naye akatoka kuangalia nani anauawa. Gego likatoka. Mwimbaji akapewa pamba aing'ate, akaondoka bila kuaga. Mdomo haukuwa na nafasi.

Baba alirudi jioni, sauti imemkauka.

"Mdogo wangu, umekosa uhondo! Jamaa ameimba huku machozi yanamtiririka. Hata maneno hayatoki sawasawa, kwa hisia! Uwanja mzima tumelia."

"Kaka, yule tumemng'oa jino leo hii."

"Wivu utakuua."

Siku hizi shangazi ni daktari wa meno mwenyewe. Nyimbo za bendi ile huzipiga kazini, anasema zinafunika kelele za mashine. Baba naye, kila wageni wakija, husimulia machozi ya onyesho lile, na shangazi akitaka kuchangia huambiwa anyamaze, yeye hakuwepo.