Nywele za Kaka

Enzi za Mjerumani, mimi na kaka yangu tulikuwa mafundi seremala hapa Arusha, wageni kutoka Punjab, Bara Hindi. Watu walituita Makalasinga. Dini yetu inakataza kunyoa, kwa hiyo nywele zetu hazikuwahi kuguswa na mkasi. Mama ndiye aliyezichana tangu utotoni na kutufundisha kuzifunga kilemba. Ugenini hatukuwa na kingine cha kwetu.

Siku moja tulikuwa tunapachika milango bomani, akapita bwana mkubwa mpya. Kaka akakutanisha viganja kifuani, akainama kwa heshima zote.

"Vua kofia," alisema yule bwana.

"Si kofia, bwana. Ni kilemba. Dini yetu hairuhusu."

Mimi nilidhani yameisha. Yule bwana akasema mtu wa rangi yetu hana ruhusa ya kufunika kichwa mbele yake, akamwashiria askari. Askari akakifungua kilemba, mzunguko baada ya mzunguko, nywele za kaka zikamwagika hadi kiunoni. Bwana akacheka, akaagiza mkasi.

Nilisimama na nyundo mkononi. Kaka yangu, mtu mzima na fundi, ananyolewa kama kondoo mchana kweupe, na wenzetu wanaendelea kupiga randa! Mpaka leo akili yangu inakataa. Kilemba kilipelekwa kufutia farasi. Mimi nilisalimika kwa sababu bwana aliitwa kula.

Tukarudi nyumbani kwetu Elerai. Nilitaka kumkatia nusu ya kilemba changu, akakataa.

Mlangoni tulimkuta mama wa Kiarusha aliyekuwa akituletea maziwa. Kwao morani hufuga nywele ndefu, na siku ya kuuaga ujana, mama yake mzazi ndiye anayemnyoa. Alikitazama kichwa cha kaka, uso ukamchangamka, akamkabidhi kibuyu kizima.

"Sasa umekuwa mzee, mwanangu," alisema. "Nilikuwa najiuliza watakunyoa lini." Akachungulia ndani. "Mama yuko wapi nimsalimie? Amefika lini?"

Nilifungua kinywa nimweleze ukweli. Kaka akanishika mkono.

"Yuko njiani, mama," alisema.

Akaketi kizingitini, akanywa maziwa yale huku machozi yakimtoka. Mama yetu aliishi huko Punjab miaka mingi baada ya hapo, na hatukumwambia kamwe.