Mpiga Filamu Aliyekosa Picha

Msomaji wangu, Jumanne mchana nilipigiwa simu ofisini kutoka Kinoru. Alikuwa mke wa rafiki yangu mpiga filamu. "Shemeji, ametuacha asubuhi," akasema, kisha akaongeza, "Kama uko na picha yake, tafadhali lete. Hapa nyumbani hakuna." Ile ya kitambulisho ilikuwa imefifia, uso umebaki doa jeupe. Na sote tunajua tunavyozika siku hizi: lazima picha ya marehemu itangulie jeneza. Nilipekua kila droo. Miaka kumi na mmoja ya urafiki, sikuwa na hata moja. Niliona aibu.

Filamu zake zilihusu watu wakiwa kazini, kwa sababu aliamini mtu hujulikana kwa anavyofanya kazi, si kwa anavyojieleza. Hakuuliza maswali. Wiki mbili za kwanza za kila filamu alisimama na kamera isiyo na kanda, mpaka watu wamzoee wasimwone tena. Siku moja nilimfuata Kibugu, kwenye kituo ambapo wachumaji hupeleka chai ikapimwe. Nikamwuliza mama mmoja aliyekuwa akichambua majani yake, yuko wapi yule wa kamera. "Huyo? Si alienda kwao? Hatujamuona wiki hii yote." Rafiki yangu alikuwa nyuma yake, hatua moja tu, kamera begani, akinitazama. Mama akageuka, akatupa majani magumu miguuni pa rafiki yangu, akaendelea na kazi. Nywele zilinisimama, sikufichi. Tulipokuwa tukishuka nilimtania kwamba amekuwa jini. Hakucheka. "Jana niliwasalimu," akasema. "Hakuna aliyeitika."

Basi Jumatano, mimi na mjane tulifunga mapazia tukatazama kanda zake, tukimtafuta. Wachumaji, waashi, makarani wa mjini Meru, mamia ya nyuso, zote zimechangamka kuliko zetu. Yeye tulimpata mara moja tu: kivuli kirefu juu ya michai, kichwa kimekatwa na ukingo wa picha. "Huyu ndiye nimeishi naye," mjane akasema, akazima runinga. Nilitamani angelia.

Tulimzika kwa fremu tupu. Wachumaji wa Kibugu walikuja wengi, na jeneza lilipofunguliwa watu wamuage, yule mama niliyemwuliza kituoni aliinama akamtazama kwa muda mrefu. "Kumbe alikuwa kijana hivi," akasema polepole, kama mtu anayejulishwa kwa mgeni.

Tunamsifu mfanyakazi anayejisahau kazini, tunamwita mnyenyekevu, wala hatuulizi amebaki nani. Ukiwa na mtu wa namna hiyo, mwite kwa jina, mpe kiti, mtazame usoni mpaka aone haya. Mimi nilipewa miaka kumi na mmoja ya kufanya hivyo, na leo nikifumba macho nimkumbuke, naiona kamera tu.