Kiti cha Nyuma Nilichokikataa

Kosa nitakaloliweka wazi hapa ni kupenda kusimama mbele. Mlevi tunamjua kwa harufu na mwizi tunamjua siku anapokamatwa, lakini mwenye kosa hili huvaa nguo safi, husalimiwa kwa heshima njiani, na mara nyingi ndiye anayeombwa kufunga kikao kwa sala. Nimefundisha darasani miaka mingi na kuhubiri Jumapili nyingi, na kote huko nimelikemea kosa hili kwa watu wengine. Mimi mwenyewe nililitenda mchana kweupe, Nairobi, katika ziara ya nusu siku, mbele ya mtu ambaye desturi ya kwetu haikumruhusu hata kunitazama.

Mtu huyo ni mama mkwe wangu.

Kwetu Bungoma, mwanamume na mama wa mke wake hawakaribiani. Hawapeani mkono, hawali chumba kimoja, wala hawatazamani usoni. Wakikutana njiani, mama hutoka kando, hugeuza mgongo au hujifunika kichwa mpaka mkwe apite. Hiyo si chuki. Pengine ndiyo heshima kubwa kuliko zote tulizo nazo. Mimi, kwa kuwa nilisoma, nilikuwa nimesimama kanisani zaidi ya mara moja nikasema kwamba jambo hilo ni mzigo wa kale na Wakristo wautue. Lakini maneno hayo niliyasemea Kitale, ambako mama mkwe hakuwapo. Kila nilipokwenda kwake, karibu na Lugulu, nilikaa nje upenuni kama wakwe wengine wote.

Miaka michache baada ya vita vya pili, makanisa ya upande wetu yalialikwa kwenye mkutano mkubwa Nairobi. Kanisa letu la Kitale lilinichagua mimi. Akina mama wa Lugulu na Kimilili nao walichagua watu wao, na mama mkwe akawa miongoni mwao. Tuliarifiwa kwamba mkutano ukiisha tutapandishwa basi na kutembezwa mji mkuu asubuhi nzima hadi saa sita, na karani mmoja wa mjini atatueleza kila tutakachokiona.

Wakati huo tulikuwa tukiishi Matisi, kando ya Kitale. Mke wangu alikuwa na mtoto mchanga na hakuweza kusafiri. Siku moja kabla ya safari alikuwa uani akichambua maharagwe, akaniita.

"Mwalimu, mama hataki kuona majumba," akasema. "Anataka kuona yule mtu wa shaba tu."

Nilielewa. Baba yake alichukuliwa katika vita vya kwanza kwenda kubeba mizigo ya askari huko kusini, kwa Wajerumani, wakati yeye mke wangu angali tumboni. Hakurudi. Hakuna aliyekuja kusema alifia wapi, na mama mkwe hakupata kaburi la kulipalilia. Miaka mingi baadaye mtu aliyefanya kazi ya reli alimwambia kwamba Nairobi, kando ya barabara kuu, kuna sanamu za watu waliokwenda katika vita vile, na mmoja wao si askari. Ni mpagazi. Tangu siku hiyo mama mkwe hakuacha kumwuliza kila mtu aliyetoka Nairobi kama amemwona mpagazi yule na kama yuko salama.

"Sasa nisikilize," mke wangu akaendelea. "Wewe ukae nyuma kabisa ya basi. Yeye atakaa mbele, hatakuona. Mkifika pale, wewe baki ndani, yeye ashuke amtazame. Si ni rahisi?"

"Ni rahisi."

"Ninakujua. Ukipewa tu nafasi ya kusema..."

"Nimesema ni rahisi."

Alirudi kwenye maharagwe yake bila kuniamini, na alikuwa na haki.

Asubuhi ya ziara nililitimiza neno langu kwa muda uliotosha kutoka mlangoni hadi kiti cha nyuma. Mama mkwe alikuwa amekwisha kaa karibu na dereva, kwenye dirisha. Kando yake aliketi mama mmoja mrefu wa kanisa la jirani yetu Kitale, mmoja wa wale waliotoka nchi ya kati wakaja kufanya kazi katika mashamba ya Trans-Nzoia. Huyu alikuwa na mwavuli mkubwa mweusi ingawa mbingu haikuwa na wingu hata moja. Hawakuwa na lugha moja. Walizungumza Kiswahili cha kuokoteza, kila mmoja akikivunja kwa namna yake, na walikuwa wakicheka.

Karani wetu alikuwa bwana mnene mwenye tai nyekundu na parapanda ya bati ya kusemea.

"Mabibi na mabwana, karibuni Nairobi!" akapaza sauti. "Mtu akipotea asitafute polisi, asikilize tu mlio wa basi hili, linasikika mpaka Thika!"

Watu wa Kitale walicheka. Akina mama wengi wa Lugulu na Kimilili walitazamana.

"Mbona hawa hawacheki? Ni nani hapa atawatafsiria?"

Niliona mkono wa mama mmoja wa Kimilili ukianza kuinuka. Ukateremka aliponiona mimi nimekwisha simama.

Nilitembea kwenda mbele, nikasimama kando ya karani, nikageuka kuwatazama watu. Mara mama mkwe alivuta leso yake ikamfunika kichwa na uso, akauelekeza mwili wake kwenye ubavu wa basi. Niliona. Ninasisitiza neno hili kwa sababu wenye kosa langu hupenda kusema baadaye kwamba hawakuona. Nilijiambia kwamba hili ndilo fundisho nililolihubiri, kwamba leo atazoea, na kwamba mtu mmoja hawezi kuzuia faida ya wengi. Niliifanya dini kuwa pazia, nyuma yake nikaficha furaha ya kusikilizwa.

Tukaenda. Tulionyeshwa kituo cha reli, mahakama yenye nguzo nene, msikiti wenye makuba, soko ambamo maua yaliuzwa kama mboga. Karani alisema maneno machache, nami niliyarefusha. Tulipofika posta kuu nilieleza habari za ghala za Yusufu na hekima ya kuweka akiba, hata sasa sijui kwa nini.

"Mwalimu," mama mmoja akaniita kutoka katikati ya basi, "huyu bwana amesema hii ni nyumba ya barua. Wewe umefika Misri!"

"Hata Farao ametajwa!" mwingine akadakia.

"Muacheni, atarudi. Njia anaijua."

Basi zima lilicheka, nami nikacheka pamoja nao, kwa kuwa hata kuchekwa ni namna ya kutazamwa. Ile leso peke yake haikutikisika. Nairobi yote ilipita dirishani mwa mama mkwe, naye hakuona jiwe lake hata moja.

Kisha basi likasimama kando ya barabara kuu. "Hapa tunashuka," karani akasema, "lakini kidogo tu, tunazuia magari ya watu." Mlango ulikuwa mmoja, na ulikuwa mbele. Kama ningalitaka kutimiza ahadi, hapo ndipo ningalirudi kiti cha nyuma na kuinamisha kichwa. Badala yake nilisimama chini mlangoni nikiwapa akina mama mkono wa kushukia, mmoja baada ya mwingine, kama mwenyeji wa mji. Mama mkwe angalishuka vipi, na mkono wa mkwe umenyoshwa mlangoni? Alibaki pale alipo. Yule mama wa mwavuli alibaki naye.

Nilikwenda penye sanamu. Walikuwa watu watatu wa shaba juu ya jiwe, na mpagazi alikuwa pamoja nao. Karani alieleza, nami nikahutubu. Nilisema juu ya utii, na juu ya watu waliokwenda wasirudi, na juu ya wajibu wetu wa kutowasahau. Nilisema vizuri. Hilo ndilo linaloniumiza zaidi kuliko yote, kwamba nilisema vizuri. Mama mmoja alifuta machozi. Na mjane wa mmoja wa watu hao alikuwa hatua chache nyuma yangu, amefunikwa leso ndani ya basi kwa sababu yangu.

"Haya, tupande!" karani akaita.

Hapo yule mama mrefu akateremka peke yake, mwavuli mkononi, akanijia moja kwa moja.

"Wewe ndio bwana ya mtoto yake?" akauliza.

"Ndiyo, mama. Lakini sisi Wakristo tumekwisha..."

"Hata mimi ni Mkristo, labda nilibatizwa mbele yako. Geuka."

"Mama, hakuna haja ya..."

"Geuka uangalie ile duka. Huyu mama ametoka mbali kuona mtu yake, hakutoka kuja kuona ndani ya leso. Ati Wakristo! Geuka, bwana, na usiangalie nyuma."

Karani alijaribu kumwonyesha saa yake ya mkononi.

"Saa ingoje," akamwambia. "Ulituonyesha ile posta, nani hapa alikuwa na barua? Ngoja."

Niligeuka. Mbele yangu palikuwa na duka la vitambaa lenye kioo kipana, na kioo kikanirudishia barabara iliyokuwa nyuma yangu. Niliona mwavuli ukifunguliwa mlangoni mwa basi, ukalazwa ubavuni mfano wa ukuta, ukaanza kutembea. Chini yake ilionekana miguu ya watu wawili tu, mmoja ana viatu vya turubai, mwingine hana viatu. Ukuta ule mweusi ulipita taratibu mpaka penye sanamu, ukasimama. Dereva wa gari lililokuwa nyuma yetu alipiga honi. Hakuna aliyemjibu.

Kisha nikasikia sauti ya mama mkwe, kwa lugha ya kwetu: "Jina lake limeandikwa wapi?"

"Anasema nini, mwalimu?" mama wa mwavuli akauliza. "Jibu, lakini usigeuke."

Nilikuwa nimesema asubuhi yote bila kuulizwa. Sasa swali la kwanza la kweli lilikuwa limekuja. "Anauliza jina la mume wake," nikasema nikikitazama kioo. "Mwambie hakuna majina. Maneno yaliyoandikwa ni ya wote pamoja."

"Mama, jina hapana," akamweleza kwa upole. "Wote. Wote pamoja."

Mama mkwe akasema, si kwa mtu yeyote: "Huyu amesimama wima mno. Yule wangu alikuwa akilishusha bega la kushoto." Katika kioo niliona mkono ukitoka nyuma ya mwavuli na leso ile ile aliyojifunikia, ukafuta vumbi kwenye jiwe la chini, mahali ulipoweza kufika, kama mtu anavyofuta uso wa mtoto. "Basi," akasema. "Nimefika."

"Na sasa anasema nini?" nikaulizwa.

Sikuweza kulitafsiri.

Nilipanda wa mwisho, mwavuli ukiwa kati yangu na mama mkwe, nikaenda kiti cha nyuma nikainamisha kichwa. Karani aliuliza ni nani atakayeendelea, na yule mama wa Kimilili, ambaye mkono wake niliuona asubuhi, akasimama pale pale alipokuwa. Kiswahili alikijua vizuri. Alitafsiri kwa maneno mafupi, na akina mama walicheka mahali karani alipotaka wacheke. Wakati wote nilipodhani faida ya wengi inanitegemea mimi, yeye alikuwapo. Kule mbele leso ilikuwa mabegani, na kidole cha mama mkwe kilikuwa kikigonga kioo cha dirisha, kikimwonyesha jirani yake hiki na kile.

Nilipofika Matisi, mke wangu alinipokea mzigo na kuniuliza kabla sijaketi.

"Mama alimwona?"

"Alimwona."

"Ulikaa nyuma?"

Niliinama nikaanza kufungua kamba za viatu. Alingoja. Kamba za viatu hazina urefu wa kutosha kwa kimya kama kile.

"Mwishoni nilikaa nyuma," nikasema, kisha nikamweleza yote, kama nilivyoyaeleza hapa.

Hakunigombeza. Ningalipenda anigombeze. Aliuliza jambo moja tu: mama yake alisema nini pale penye jiwe. Nilipofika penye habari ya bega, mke wangu, ambaye hakuwahi kumwona baba yake, alipeleka mkono akashika bega lake mwenyewe la kushoto. Nilikuwa nimeishi naye miaka yote hiyo. Ndipo nilipotazama kwa mara ya kwanza, nikaona kwamba limeshuka.

Tangu hapo sijahubiri tena juu ya mambo ya ukwe, na panapotafutwa msemaji ninangoja kwanza kuona kama kuna mkono mwingine unaoinuka. Sisemi kwamba nimepona. Ninapongoja, miguu yangu huwashwa.

Katika safari ya kurudi tulikuwa ndani ya gari moshi moja na yule mama mrefu, nami kwa aibu sikumwendea. Baadaye nilimtafuta sokoni Kitale mara kwa mara. Kisha ikaja ile miaka ya taabu, serikali ilipotangaza hali ya hatari, watu wa kwao wakapakiwa katika malori pamoja na vyombo vyao na kuondolewa mashambani, na sikujua tena pa kuuliza. Mama mkwe, kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, aliishia kumwita mama tu. Mimi niliyekijua vizuri sikumwuliza jina. Kwa hiyo ninapokwenda Lugulu na kukaa upenuni jioni, ninamsikia ndani akisali: anawataja watoto wake, anawataja wajukuu, ananitaja hata mimi bila uchungu wowote, na kabla ya kusema amina humtaja mtu mmoja aliyebaki, kwa jina pekee alilo nalo: Mama wa Mwavuli.